Udi wa bibi na kifua cha mjukuu

SWALI: Bi Nesi, shikamoo. Mwanangu ana miaka 4. Kila Alkhamisi magharibi mavyaa wangu hufukiza udi nyumba nzima, milango na madirisha yamefungwa ili harufu isitoke. Usiku mtoto anakohoa, kifua kinalia kama filimbi. Bibi yake anasema kapatwa na upepo, basi anaongeza ubani. Nimwambieje asione nimekuja kumharibia nyumba? Na mimi marashi yameniachia weusi shingoni, kwa nini?
Mama Kijana, Mikunguni, Unguja

JIBU: Marahaba mwanangu. Mimi ni mtu wa udi. Buibui langu haliendi harusini kabla halijapita juu ya chetezo. Lakini hapo kwenu moshi unambana mtoto, na akibanwa anaongezewa moshi.

Udi hata uwe wa bei gani, moshi ni moshi. Una chembe ndogo mno zinazoshuka mpaka ndani ya mapafu. Mtoto njia zake za hewa ni nyembamba, na kama ana pumu zinavimba na kukaza. Ndiyo filimbi unayoisikia. Halafu yapo makaa. Yanatoa kaboni monoksaidi, hewa isiyo rangi wala harufu, na katika chumba kilichofungwa inaua watu usingizini. Chetezo kisilale ndani. Chokoa lile jivu la juu uone: chini bado mekundu.

Mpeleke kituo cha afya wiki hii, ueleze anakohoa siku gani na saa ngapi. Usiku ukiona mbavu zinaingia ndani akivuta pumzi, au anashindwa kusema, au midomo inageuka rangi, usingoje asubuhi.

Sasa mavyaa. Usimwambie udi wake unamuumiza mjukuu, hiyo ni vita. Mwambie, "Mama, leo pumzika, nikufukizie mimi." Ukishakishika chetezo, kipeleke uani. Tundika kanga na kanzu huko zinukie, ziingie ndani zimeshapoa. Mtoto awe kwa jirani. Mwenyewe nguo zake zikinukia, hatauliza moshi ulipitia wapi. Na usije ukaleta kopo la kupuliza badala ya udi. Harufu kali ya namna ile nayo humbana mwenye pumu.

Weusi wa shingoni: marashi mengine yana mafuta ya bergamoti, tunda la jamii ya machungwa. Yakiwa kwenye ngozi kisha ukatoka juani, yanaweza kuunguza na kuacha michirizi. Nilipata wangu harusi ya dada yangu, nikakaa nao miezi, kila picha nimejifunga mtandio kama naumwa meno. Yapulizie kwenye kanga, shingo iache. Pakiwasha au pakitoka vipele, muone daktari wa ngozi, na chupa uende nayo.