Nilikosa ufadhili kwa Baraza la Ulaya, nikabeba kombe kwa kisiwa cha Helgoland

Wiki iliyopita niliandikiwa na msomaji aliyeko Dodoma. Anajiandaa kwa usaili wa ufadhili wa masomo, na ameambiwa maswali ya ujuzi wa jumla kuhusu Ulaya hayatakosekana: historia, jiografia, siasa. "Kaka," anasema, "miji mikuu nimeikariri mara tatu, na kila nikiamka asubuhi Slovakia na Slovenia zimebadilishana nafasi." Nilipousoma ujumbe ule nilijiona mimi wa mwaka 2018.

Nianze na kidonda, kombe litafuata.

Mwaka ule nilikuwa mwalimu wa kujitolea. Niliitwa kwenye usaili Dar es Salaam, nikapanda basi la alfajiri kutoka Tanga nikiwa na daftari nililolijaza miji mikuu, sarafu na majina ya mawaziri wakuu. Njia nzima nilikuwa nalirudia midomo ikichezacheza. Mezani walikaa watu watatu. Maswali mawili ya mwanzo niliyajibu vizuri. La tatu liliulizwa na mama mmoja wa makamo aliyeshika kalamu ya wino wa kijani: Baraza la Ulaya lina nchi wanachama ngapi? Nikajibu papo hapo, 28. Akaniuliza kama nina uhakika. Nikasema ninao. Akaifunika kalamu yake, tik, akaiweka juu ya karatasi yangu. Mpaka leo nikisikia kalamu inafunikwa moyo hunishtuka.

Jibu lilikuwa 47. Mwenzake, wala hakuwa amekasirika, akaniambia: "Kijana, unaomba kwenda kukaa kwenye nyumba usiyojua ina milango mingapi." Niliteremka ngazi na maneno hayo, nikalala nayo miezi mingi.

Kosa langu ni kosa la wengi, kwa hiyo nilifafanue. Ile 28 ilikuwa idadi ya nchi za Umoja wa Ulaya kwa wakati ule, kabla Uingereza haijatoka tarehe 31 Januari 2020 na kuziacha 27. Baraza la Ulaya nililoulizwa ni jambo lingine kabisa. Lilianzishwa kwa mkataba uliosainiwa London mwaka 1949, makao yake yako Strasbourg, na ndilo lenye Mahakama ya Ulaya ya Haki za Binadamu. Uturuki imo, Uswisi imo, Uingereza imo hadi leo. Urusi ilifukuzwa Machi 2022, zikabaki nchi 46. Sasa kuna chombo kingine, kikao cha marais na mawaziri wakuu wa Umoja wa Ulaya kinachokutana Brussels, na kwa Kiswahili nacho utakisikia kikiitwa Baraza la Ulaya. Kuna na cha tatu, baraza la mawaziri wa Umoja huohuo, ambalo nchi hupokezana uongozi wake kila baada ya miezi sita. Kama hiyo haitoshi, Bunge la Ulaya, ambalo ni la Umoja, hufanya vikao vyake vikuu Strasbourg, mji uleule wa baraza lisilo la Umoja! Hata bendera ya bluu yenye nyota 12 ilikuwa ya lile baraza la Strasbourg tangu 1955. Umoja uliichukua miaka ya themanini, na nyota hizo hazihusiani na idadi ya wanachama. Daftari langu halikuwa na hata mstari mmoja wa haya. Lilikuwa na majina tu.

Miaka iliyofuata nilifundisha, nilioa, nilihama nyumba. Kilichonigeuza kilitokea kwenye baraza la kahawa, jirani na kwetu. Mzee mmoja alisema Wajerumani waliwauzia Waingereza Zanzibar kwa kisiwa cha mawe. Vijana wakambishia. Mimi mwalimu nikakaa kimya na kikombe mkononi, maana sikujua. Aibu ile ilikuwa mbaya kuliko ya Dar es Salaam, kwa sababu safari hii swali lilihusu kwetu.

Usiku ule nikatafuta. Kisiwa hicho kinaitwa Helgoland, kiko Bahari ya Kaskazini mbele ya mlango wa mto Elbe, na kieneo hakizidi sana kilomita moja ya mraba. Mzee alikuwa amepatia nusu. Ujerumani haikuuza Zanzibar kwa sababu haikuwa yake, ilikuwa ya Sultani. Katika mkataba wa tarehe 1 Julai 1890 ilikubali Zanzibar iwekwe chini ya ulinzi wa Uingereza, ikaachia na Witu, kule karibu na Lamu. Uingereza nayo ikatoa Helgoland, na ikaahidi kumbana Sultani aiachie Ujerumani ukanda wa pwani ya bara. Pwani hiyo ndiyo Tanga ninayoishi.

Nikachukua penseli, nikaweka nukta katikati ya karatasi nyeupe, nikajiuliza: Waingereza walikipataje? Walikitwaa kwa Wadenmark mwaka 1807, wakati wa vita vya Napoleon. Hapo nikajikuta nasoma Mkutano wa Vienna wa 1814 na 1815, pale wakubwa walipokaa kuichora upya Ulaya baada ya Napoleon. Wajerumani walikitakia nini? Kinalinda mlango wa Elbe, na Elbe ndiyo njia ya Hamburg. Mwaka 1895 wakafungua na mfereji wa Kiel, meli zao zikapita kutoka Bahari ya Baltiki bila kuizunguka Denmark. Nani alisaini? Bismarck, aliyekuwa kansela, yaani mkuu wa serikali ya Ujerumani, alikwishaondoka Machi 1890. Kansela alikuwa Leo von Caprivi, ndiyo maana ule mkia mrefu wa Namibia uliitwa Caprivi. Na dola yenyewe ya Ujerumani ilitangazwa lini? Januari 1871, kwenye Ukumbi wa Vioo wa kasri la Versailles, nchini Ufaransa. Ukumbi huohuo, Juni 1919, Wajerumani waliletwa kusaini mkataba uliowanyang'anya makoloni yao. Tanganyika ikaenda kwa Waingereza, Ruanda na Urundi kwa Wabelgiji.

Ilikuwa saa tisa usiku. Mke wangu aliamka kuniuliza kama naumwa.

Mwezi uliopita kulikuwa na shindano la chemsha bongo la watu wazima hapa mjini. Tulifika wawili fainali tukiwa sare. Msomaji maswali akaanza: "Ni kisiwa gani cha Bahari ya Kaskazini ambacho mwaka 1890..." Nilipiga kengele kabla hajamaliza. Kombe ni dogo, la rangi ya dhahabu, liko juu ya kabati ambapo kila mgeni analiona. Sioni haya kusema kwamba nililibeba kwa mikono miwili hadi nyumbani kama mtoto mchanga.

Ndugu zangu, acheni kukariri orodha. Narudia, acheni. Chora ramani kwa mkono wako, uichane, uichore tena kesho. Kila mpaka unaouchora, uliza ulisainiwa wapi, lini, na nani alipoteza. Na anzia kwenu. Aliyeko Bujumbura aanzie kwa Wabelgiji, wa Mombasa aanzie kwa Wareno na Ngome ya Yesu. Tunakwenda kuomba nafasi kwa watu hawa, tunasaini mikataba nao, watoto wetu wanaishi kwao, na bado tunaisoma Ulaya kama matokeo ya mpira: jina, namba, basi. Wao walikaa kwenye meza wakiwa na ramani zetu. Sisi tunaogopa nini kukaa na ramani zao?

Mdogo wangu wa Dodoma, swali lako sijalisahau. Chora mto Danube. Unaanzia kusini mwa Ujerumani, kwenye Msitu Mweusi, na unaishia Bahari Nyeusi baada ya kupita nchi 10. Njiani unapita miji mikuu minne kwa mpangilio huu: Vienna, Bratislava, Budapest, Belgrade. Bratislava ni ya Slovakia, iliyoachana na Ucheki tarehe 1 Januari 1993. Sasa shuka kusini magharibi mpaka penseli iguse Bahari ya Adriatiki, pale Italia inapopakana na kipande kifupi cha pwani. Hiyo ndiyo Slovenia, iliyotoka Yugoslavia mwaka 1991, na mji wake Ljubljana hauko kwenye Danube. Ya mtoni ni Slovakia, ya baharini ni Slovenia.

Umesema usaili ni baada ya wiki tatu. Chora usiku wa leo bila kutazama kitabu, kesho asubuhi uchore tena, kisha unitumie picha ya zote mbili nione mto wako ulikopotea.