Kazi 18 zimeanzwa, zinakamilika 3 kwa wiki: punguza kwanza, usiongeze watu

Ndugu, umeeleza kuwa timu yenu ya watengenezaji programu 6 ina kazi 18 zilizoanzwa, inamaliza 3 kwa wiki, na bosi anataka kuajiri. Msiajiri kwanza. Kanuni aliyoithibitisha mtafiti wa Marekani John Little mwaka 1961 inasema wastani wa muda wa kazi kukaa mikononi ni idadi ya kazi zilizo wazi, ugawanye kwa zinazokamilika: 18 kwa 3, yaani wiki 6. Mkibaki na 9 kwa kasi ileile, ni wiki 3.

Kwa hiyo rudisheni kwenye orodha ya kazi zisizoanzwa zile 9 zilizo mbali na kumalizika. Kisha kwenye ubao wa kazi, ambapo kila kazi ni kadi na kila hatua ni safu, wekeni vikomo: kadi 5 za kuandika programu, 2 za kukagua, 2 za kujaribu. Katika vikomo hivyo hesabuni pia kadi zinazosubiri bila kushughulikiwa. Mara nyingi rundo liko kwenye ukaguzi. Safu ikijaa, anayeandika haanzi kazi mpya, anakwenda kuikwamua. Hapa ndipo timu nyingi huvunja utaratibu, maana asiye na kadi yake huonekana mvivu. Mwelezeni bosi mapema: kazi za ubunifu hazilingani urefu, hivyo mtu aliyejazwa asilimia 100 hutengeneza foleni isiyoisha. Hata kutoka asilimia 80 kwenda 90, katika foleni sahili ya mhudumu mmoja, muda wa kusubiri hupita mara mbili.

Kazi inayozidi siku 3, igaweni. Ya dharura iwe moja tu kwa wakati.