Edwin Jackson na timu zake 14

Wapo wanaodhani mrushaji wa besiboli anayehamahama timu hana kiwango. Hapana, si lazima. Kila timu ya ligi kuu ya Marekani hucheza mechi 162 kwa msimu, hivyo huhitaji warushaji wengi. Mkono wenye kasi haukosi mnunuzi. Mrushaji Edwin Jackson alichezea timu 14, rekodi aliyoiweka 2019 alipotua Toronto. Julai 2011 alihamishwa mara mbili kwa siku moja, Chicago hadi Toronto, kisha St. Louis, na mwaka huohuo akabeba ubingwa huko. Tatizo lake lilikuwa shabaha. Juni 2010, akiwa Arizona, alirusha mipira 149 katika mechi moja na kuwapa Tampa Bay (waajiri wake wa zamani, tena!) beisi nane za bure (mpigaji hupewa beisi ya kwanza mrushaji akikosa shabaha mara nne), lakini hawakupata hiti, yaani pigo la kumfikisha mpigaji kwenye beisi, hata moja.