Kwa mnaoanza kuandika stori za ukoo wa kimwinyi wenye uchawi wa muda

Ndugu zangu mnaoingia kwenye fantasia, naona wengi mnaipenda hii ya ukoo mkubwa wa kimwinyi ambao damu yao inawapa nguvu juu ya muda, huyu anausimamisha, yule anaurudisha nyuma, bibi yao anaiona kesho. Na mimi stori za aina hii nimeziandika miaka mingi, kwa hiyo haya nayowaambia yametoka kwenye kazi yenyewe.

Jambo kubwa ni hili, umwinyi wenyewe umejengwa juu ya muda. Nani katangulia kuzaliwa, nani kafa lini, nani katimiza umri wa kutawala, ndo hivyo tu, hakuna kingine kinachomtofautisha mrithi na mdogo wake anayebaki mikono mitupu. Sasa ukiwapa watu kama hao uwezo wa kuchezea muda umeshagusa mzizi wa mali yao, na stori ianzie hapo, sio kwenye mapigano na miali ya rangi rangi.

Chukua ndugu wawili, mkubwa ana miaka 20, mdogo ana 17. Mkubwa anaingia kwenye chumba ambacho muda unaenda polepole, ndani unapita mwaka mmoja huku nje inapita kumi. Akitoka ana mwili wa miaka 21 na mdogo wake ana 27, kaoa, ana watoto, ameendesha mashamba ya ukoo peke yake. Nani mkubwa hapo? Tarehe ya kuzaliwa inasema hivi, mwili unasema vile, na kila upande utakuwa na wanasheria wake na wajomba wake. Hiyo peke yake ni nusu ya kitabu na hujaua mtu bado. Na msiogope kwamba msomaji hatakubali chumba cha namna hiyo, muda kweli hauendi sawa kila mahali, saa za satelaiti za GPS zinatangulia saa za ardhini kwa takriban mikrosekunde 38 kwa siku na lazima zirekebishwe.

Alafu someni historia ya familia za kifalme zenyewe, humo mna vitu ambavyo hata usingethubutu kutunga. Ufaransa mwaka 1316 mfalme alikufa mkewe akiwa mjamzito, wakasubiri, mtoto akazaliwa tayari ni mfalme, Jean wa kwanza, akaishi siku tano tu. Hispania naye Alfonso wa 13 alizaliwa mwaka 1886 akiwa mfalme tayari maana baba yake alifariki mwaka uliotangulia. Sasa weka uchawi hapo: shemeji anayekaimu utawala mpaka mtoto azaliwe akiamua kumpunguzia mwendo wa muda huyo mama mjamzito, mimba inakaa miaka 40 na yeye bado ni kaimu, na hakuna sheria hata moja aliyoivunja. Mnaona? Ubaya wa watu wakubwa mara nyingi una karatasi na muhuri, na uchawi wao nao ukiwa hivyo unatisha zaidi.

Tena kuna mabwana wakubwa waliotawala muda bila uchawi wowote. Roma ya kale makuhani wakuu, watu wa familia kubwa, ndo walikuwa wanaamua mwaka upi uongezewe mwezi, na kwa vile viongozi walikaa madarakani mwaka mmoja basi ukiongeza mwezi umemrefushia rafiki yako cheo, usipoongeza umemfupishia adui. Kalenda ikaharibika mpaka Julius Caesar akairekebisha, na mwaka 46 KK ikabidi uwe na siku 445. Ukoo wako na wenyewe unaweza kuwa na kalenda yake, kodi zinalipwa kwa kalenda yao, mishahara pia.

Kurudi nyuma ndo pagumu. Kila msiba ukitokea msomaji atauliza mbona hawajarudi kuuzuia, na swali hilo lijibiwe mapema, yaani ndani ya chapta tatu za mwanzo. Wengi wanaweka gharama ya kuchoka au kutoka damu puani, mimi naona ni gharama nyepesi sana. Gharama nzito imo kwenye ukoo wenyewe: ukirudi nyuma kupita siku mtoto alipotungwa mimba, badiliko dogo tu linatosha, mtoto yule hatatokea tena, atatokea mwingine au hatatokea kabisa. Kwa hiyo mzee mwenye wajukuu hatagusa jana hata umshikie kisu, na wa kuogopwa kuliko wote ni yule asiye na mtoto. Mara moja unaelewa kwa nini wanawalazimisha vijana wao waoe mapema, na kwa nini shangazi aliyekataa kuolewa amewekewa walinzi mlangoni.

Kusimamisha muda nako kuna mambo yake, kama kila kitu kimesimama basi na mwanga umesimama, hutaona chochote, na hewa haitaingia kifuani. Ama useme anayesimamisha anabeba kipande kidogo cha muda kumzunguka, ama utumie giza hilo, mhusika apapase ukuta kwa mikono huku anabana pumzi. Mimi napenda hilo la pili.

Na tafadhali sana watumishi msiwasahau. Chumba cha muda wa polepole lazima mtu akifagie, lazima mtu apeleke chakula, na kila akiingia saa moja huko nje zinapita kumi, miaka michache ya kazi na watoto wake wamekua bila yeye. Bwana anayeishi miaka 300 anaishi juu ya miaka ya watu wengine, na hawa ndo wataleta uasi kama unautaka.

Kwenye daftari kila mhusika mpe tarehe ya kuzaliwa na pembeni umri wa mwili, na kila akiingia au kutoka kwenye uchawi urekebishe umri wa mwili siku hiyo hiyo kabla hujaendelea na chapta inayofuata, maana wasomaji wa stori hizi wanahesabu kweli kweli na watakukamata.