Isome "Bibi Mwenye Kijibwa" kabla ya kuitazama

Mara ya kwanza nilipoitazama filamu ya Bibi Mwenye Kijibwa, nilisinzia. Ni ya Kirusi, nyeusi na nyeupe, ya mwaka 1960, na Iosif Kheifits aliitengeneza kutokana na hadithi fupi ya Anton Chekhov. Nilichoona ni mwanamume na mwanamke wakitembea kando ya bahari huko Yalta na kunyamaza, basi. Sikujua ninangoja nini.

Miezi kadhaa baadaye nikaisoma hadithi yenyewe, ya mwaka 1899. Haimalizi hata saa moja. Gurov, baba wa watoto watatu kutoka Moscow, anakutana na Anna Sergeyevna, naye ni mke wa mtu, na wanakuwa wapenzi. Kuna mahali hapajanitoka hadi leo. Anna amekaa chumbani kwake kwa majuto, nywele zimemshukia pande zote mbili za uso. Mezani kuna tikiti maji. Gurov anajikatia kipande, anakila taratibu, na nusu saa inapita bila neno. Chekhov hamkaripii. Tikiti limeshasema yote.

Kwa hiyo nakusihi, anza na hadithi, tena uisome kwa sauti ukiweza, kisha ulale nayo usiku mmoja. Kitabuni tunaambiwa waziwazi Gurov anawaza nini: anawadharau wanawake, na anaamini huyu naye atamsahau baada ya mwezi. Kamera haina maneno hayo, ina uso wa Aleksey Batalov tu, anayemwigiza Gurov. Usipojua kilichomo kichwani mwake utaona mtu aliyetulia, kama nilivyoona mimi. (Iya Savvina, anayemwigiza Anna, ndiyo kwanza alikuwa anaingia kwenye sinema. Mtazame vizuri.)

Ukifika Gurov anaporudi Moscow, soma polepole zaidi. Anatamani kumweleza mtu yeyote habari za Anna. Usiku mmoja, akitoka klabuni na mwenzake wa karata, anamgusia kwamba alikutana na mwanamke wa ajabu kule Yalta. Mwenzake anapanda gari la theluji, anaondoka, kisha anageuka na kumwita: ulisema kweli, yule samaki tuliyekula alikuwa ananuka. Nilikifunga kitabu hapo nikakaa kimya muda mrefu.

Safari ya pili niliitazama na mke wangu, wote tukiwa tumeisoma wiki ile, simu tumeziacha chumba kingine. Hakusinzia mtu. Ilipoisha aliniuliza, "Sasa watafanyaje?" Ni swali lile lile analojiuliza Gurov mwishoni mwa hadithi, kichwa mikononi.