Wadogo zangu wa fildi, acheni magome ya miti

Juzi kule Muheza nimemkuta dogo wa mwaka wa pili na panga, anaubandua mkorosho mkavu magome kama anamenya muhogo, mwenzake kashika ndoo chini anasubiri skinki, yule mjusi tunayemhesabu, adondoke. Nilipiga kelele hadi mama aliyekuwa anaokota korosho shamba la pili akaja kuuliza kama kuna nyoka. Wadogo zangu nawapenda na najua mnatoka mbali, lakini kila msimu ni yale yale, sasa nayaandika yakae.

1. Jueni mnachotafuta. Kila mjusi kwenye mnazi mnaandika skinki. Yule mdogo mwenye kichwa cha njano anayekimbia mchana kweupe ni Lygodactylus, ndugu yake mjusi kafiri, hana kope za kufumba na macho anayasafisha kwa ulimi. Skinki anafumba macho. Mwili wake unang'aa kama kapakwa mafuta ya nazi na shingo karibu huioni. Huyu wetu wa mitini, Trachylepis maculilabris, ana midomo myeupe yenye vidoa vyeusi, na yule wa michirizi miwili mgongoni mnayemuona kwenye kuta za kempu ni Trachylepis striata. Striata anazaa watoto hai, maculilabris anataga mayai. Hilo la kutaga mlikamate, narudi nalo.

2. Mkia usishikwe. Utakatika, utaota mwingine lakini ndani utakuwa gegedu badala ya mfupa, na mafuta aliyokuwa ameweka akiba mle ndiyo yameenda.

3. Gome. Hapa tukae kidogo.

Fildi yangu ya kwanza ilikuwa upande wa Pangani, kwenye shamba la mzee mmoja lenye minazi na mwembe mmoja mkavu uliosimama katikati. Transekti yetu, ile njia tunayopita tukihesabu, ilipita pale pale. Asubuhi ya kwanza, kama saa tatu jua limeshaanza kuchoma, nikaona skinki wawili wamelala ubavuni mwa ule mwembe, mmoja kachungulia nyuma ya gome nusu kichwa, vidoa vya mdomo navihesabu kwa macho bila darubini. Ningeandika wawili nikaendelea. Lakini mwenzangu alikuwa na tisa kwenye datashiti na mimi nina hao tu, nikaona aibu, nikachukua panga.

Nilibandua kuanzia usawa wa kifua hadi chini. Walitoka wanne zaidi, nikaandika sita, moyo umejaa. Kipande cha mwisho karibu na mizizi kilipoanguka kikaja na unga wa mti uliooza, na ndani ya ule unga mayai saba, meupe, laini, mawili yameshapasuka kwa panga langu. Niliyafukia na majani, mikono inatetemeka, nikajiambia yatapona. Kesho yake siafu wamepanga mstari kutoka kwenye yale majani.

Mwenye shamba alikuja, nikamwamkia shikamoo, akaitika huku anautazama ule mti uliobaki mweupe kama mfupa. Akasema, "Mwanangu, mti huu nimeuacha makusudi, hawa mijusi wananilia wadudu." Hakusema lingine. Nilitamani anigombeze.

Tulirudi pale mara nne. Sifuri, sifuri, sifuri, sifuri. Na mimi nikanyamaza, kwa hiyo kwenye ripoti lile shamba likaonekana halina skinki, wakati aliyewamaliza ni mimi, siyo minazi wala joto wala dawa ya shambani kama tulivyokuwa tunajadili usiku kempu na mimi natikisa kichwa. Nilimwambia supavaiza miezi mitatu baadaye. Aliifuta ile mistari yote ya datashiti mbele yangu, kazi ya watu watano.

Gome la mti mkavu halirudishiki, jiwe unaweza kuligeuza ukalirudisha lilivyokuwa na gogo la chini hivyo hivyo, lakini gome lile ndiyo ukuta na paa lao, ndipo wanapojificha mwewe akipita na ndipo unyevu unapobaki kiangazi. Ukishalibandua umevunja nyumba.

4. Simameni hatua tano, kimya, dakika kumi. Watatoka wenyewe.

5. Tafuteni penye jua, pembezoni mwa msitu na mashambani, hata kwenye msitu wa Amani mtawapata zaidi barabarani kuliko kwenye giza la miti mikubwa. Lebo za mijusi wanaohifadhiwa kwenye spiriti andikeni kwa penseli, wino unayeyuka humo.

Yule dogo wa Muheza alilia kidogo nilipomwonyesha ndani ya gome, hakukuwa na mayai, alhamdulillahi. Jumatatu tunaondoka saa mbili kamili, nyote mje na kofia na maji, mapanga yote yanabaki kempu kwangu.