Bruce, papa wa Jaws: maswali yenu

Eti papa wa Jaws, filamu ya Steven Spielberg ya 1975, alikuwa papa wa kweli aliyefunzwa?
Hapana, na nawaomba mpumzishe swali hili. Papa mkubwa mweupe hafunzwi kuigiza. Vipo vipande vichache vya papa hai, vilivyopigwa Australia na Ron na Valerie Taylor, wapiga picha wa chini ya maji. Humo mtu mfupi aliingizwa kwenye kizimba kidogo ili papa aonekane mkubwa kupita kiasi. Anayemtafuna Quint, mwindaji wa papa ndani ya filamu, ni mashine.

Kwa nini aitwe Bruce?
Ni jina la wakili wa Spielberg, Bruce Ramer.

Ni kweli Spielberg alimficha papa makusudi ili atutie hofu?
Nusu ya kweli, na nusu iliyobaki inawaonea mafundi. Joe Alves ndiye aliyembuni. Bob Mattey na wenzake wakaunda papa watatu wa futi 25, wakiwaendesha kwa shinikizo la hewa. Mwaka 1974 wakapelekwa Martha's Vineyard, Massachusetts, kwa kuwa mwongozaji alitaka bahari yenyewe, si bwawa la studio. Maji ya chumvi yakaila mitambo, na papa mmoja akazama. Siku 55 za kupiga picha zikafika 159. Papa alipogoma, kazi yake ikafanywa na mapipa ya njano yanayoelea yakionyesha papa alipo, muziki wa John Williams na uhariri wa Verna Fields, uliompa Oscar. Spielberg aliokoa filamu kwa akili kubwa, sikatai. Lakini si Mattey aliyeamua kwenda baharini, na hadi leo lawama anabebeshwa yeye. Ninyi mnaotengeneza filamu, kijaribuni kifaa pale pale kitakapofanyia kazi, kabla waigizaji hawajafika.

Naweza kumwona wapi?
Wale watatu waliharibika wakapotea. Aliyepo Academy Museum, makumbusho ya filamu ya Los Angeles, ni wa nne, wa fiberglass, aliyetolewa kwenye kalibu ileile. Alitundikwa kwenye studio za Universal watalii wapige naye picha, kisha akatelekezwa kwenye yadi ya vyuma chakavu huko Sun Valley, California, hadi Greg Nicotero, fundi wa madoido ya filamu, alipomkarabati. Huyo hakuigiza hata sekunde moja, kwa hiyo acheni kumwita nyota wa filamu.

Tangu niione filamu hii naogopa kuogelea. Nifanyeje?
Peter Benchley, aliyeandika riwaya iliyozaa filamu hii, alitumia miaka yake ya mwisho kuwatetea papa. Ogelea, ila usiende peke yako, na uliza wavuvi kuhusu mkondo kabla ya kuingia. Mkondo unaua watu wengi kuliko papa.